Denslow, William Wallace

William Wallace Denslow (5 Mei 1856 – 29 Machi 1915) alikuwa mchoraji wa Marekani, maarufu kwa picha za The Wonderful Wizard of Oz (1900), kitabu cha L. Frank Baum. Alizaliwa Philadelphia, akasomea sanaa New York.

Magazetini

Kwa miaka mingi Denslow hakutulia mahali pamoja. Alichorea magazeti ya Chicago, Denver na San Francisco, akarejea Chicago mwaka 1893 wakati wa Maonyesho ya Dunia. Kazi ya gazeti haimsubiri mchoraji anayesitasita, na mistari yake minene isiyo na mapambo ya bure inaonyesha wazi malezi hayo. Alichora pia mabango na majalada ya vitabu, na kazi zake akazitia alama ya farasi-bahari.

Na Baum

Kitabu chao cha mashairi ya watoto, Father Goose: His Book (1899), kiliuzwa sana. Mwaka uliofuata kikaja Oz, chenye picha 24 za rangi za ukurasa mzima na nyingine zaidi ya 100 ndani ya maandishi. Ustadi mkubwa umo katika hizi ndogo. Rangi yake hubadilika kadiri Dorothy, msichana wa hadithi hiyo, anavyosafiri: kijivu Kansas, buluu katika nchi ya Munchkin, kijani katika Jiji la Zumaridi, njano katika nchi ya Winkie, nyekundu katika nchi ya Quadling. Pengine picha hupenya chini ya maandishi yenyewe, herufi zikachapwa juu yake. Mtoto asiyejua kusoma aliweza kuifuata safari kwa rangi tu.

Hakimiliki ilikuwa ya wote wawili, na hapo ndipo ugomvi ulipozuka. Oz ilipofanywa mchezo wa jukwaani Chicago mwaka 1902, Denslow, aliyebuni mavazi, alidai mgawo sawa wa mapato. Ushirika ukavunjika. Kuanzia 1904 vitabu vya Oz vilichorwa na John R. Neill.

Baadaye

Denslow alitoa vitabu vyake mwenyewe, kikiwemo Denslow's Night Before Christmas (1902). Kwa fedha za Oz alinunua kisiwa Bermuda, akajitawaza Mfalme Denslow wa Kwanza. Umaarufu ulififia na fedha zikaisha. Alifariki New York kwa nimonia, muda mfupi baada ya kuuza picha ya jalada kwa jarida la Life.