Mikwaruzo ya Leeds

Tarehe 14 Februari 1970, bendi ya roki ya The Who ilipiga muziki katika bwalo la chakula la Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza. Usiku uliofuata ikapiga mjini Hull. Maonyesho yote mawili yalirekodiwa ili ipatikane albamu moja. Kanda za Hull ziliposikilizwa, gitaa la besi la John Entwistle halikusikika katika nyimbo za mwanzo. Leeds ikachaguliwa.

Live at Leeds ilitoka Mei mwaka huohuo, ikiwa na nyimbo sita tu. Jalada lake lilifanana na la santuri za magendo. Kanda ilikuwa na mikwaruzo, na bendi haikuificha: lebo ya santuri ilibeba maandishi ya mkono yaliyosema kwamba mikwaruzo hiyo ni sawa, isisahihishwe.

Mimi ni mwanafunzi wa uzamili wa historia, na albamu hii huisikiliza katika mafaili ya FLAC. MP3 huwa nyepesi kwa sababu hutupa sehemu za sauti zinazodhaniwa hazitatambuliwa na sikio. FLAC hubana bila kutupa: ikifunguliwa, zile namba 44,100 za kila sekunde ya CD, kwa kila upande wa spika, hurudi zote kama zilivyokuwa. Matoazi ya Keith Moon hufifia taratibu hadi kimya. Ni rahisi kuamini kwamba nimesimama bwaloni.

Lakini uaminifu huo ni kwa kanda ipi? Toleo la 1995 lina nyimbo 14, sauti zake zimechanganywa upya, na mikwaruzo mingi imeondolewa kwa kompyuta. Kilichoagizwa kisisahihishwe kilisahihishwa. Onyesho la Hull nalo lilipotolewa mwaka 2010, besi iliyokosekana ilijazwa kwa ile ya Leeds. Kwa hiyo faili la Hull, bila kupoteza hata namba moja, linatunza usiku ambao hakuna aliyeusikia hivyo.

Darasani tunafunzwa kuuliza nani ameupitia waraka kabla ya kusifu ubora wa nakala. Swali hilo linaufaa muziki pia. Nimeyahifadhi matoleo yote mawili. La 1995 ndilo ninalolisikiliza zaidi, kwa sababu nyimbo ni nyingi na ngoma zinasikika vizuri. La 1970, pamoja na mikwaruzo yake, nalifungua ninapotaka kujua walionunua santuri ile walisikia nini.