Edith Garrud, Mwalimu wa Kujilinda

Mtazame kwanza, ewe msomaji, kwa macho ya askari polisi wa London mwaka 1910: mwanamke anayekaribia miaka 40, ambaye kimo chake hakitimii futi 5. Nani angemdhania kuwa aweza kumbwaga mwanamume? Hata hivyo, katika maonyesho yake hadharani, aliyevaa sare ya polisi ndiye aliyelala chali.

Edith Garrud alizaliwa mwaka 1872 mjini Bath, Uingereza. Yeye na mumewe, William, walijifunza jujitsu, sanaa ya Kijapani ya mapambano ya ana kwa ana, kwa mwalimu Sadakazu Uyenishi aliyekuwa na shule mtaani Soho, London. Uyenishi alipoondoka nchini mwaka 1908, wao waliirithi shule hiyo. Jujitsu haitegemei misuli. Adui akusukumapo, humsukumi. Waupisha uzito wake, kisha wauelekeza chini.

Wakati huo wanawake hawakuwa na haki ya kuwachagua wabunge. Tarehe 18 Novemba 1910 wanawake wapatao 300 waliandamana hadi Bungeni, na kwa takriban saa 6 walipigwa na kuangushwa na polisi. Siku hiyo huitwa Ijumaa Nyeusi. Mwaka 1913 ikapitishwa sheria iliyobandikwa jina la Paka na Panya: mfungwa aliyedhoofika kwa kugoma kula aliachiliwa, akipata nafuu akakamatwa tena.

Kwa hiyo likaundwa kundi la wanawake wapatao 30 wa kumlinda kiongozi wao, Emmeline Pankhurst, asikamatwe. Edith aliwafundisha kwa siri, akiwahamisha mahali hadi mahali. Walificha virungu vya mbao ndani ya magauni yao. (Angalia silabi *ji* katika *kujilinda*: mtendaji na mtendewa ni mtu yuleyule. Ukiiondoa, wabaki na *kulinda*, yaani kumhifadhi mwingine. Wanafunzi wa Edith walihitaji vitenzi vyote viwili.)

Mwezi Machi 1914, Pankhurst alihutubia ukumbini Glasgow, Uskoti. Polisi walipolivamia jukwaa walikuta seng'enge imefichwa katikati ya maua, na nyuma yake wanawake wenye virungu. Pankhurst alikamatwa hata hivyo.

Sitakuficha kwamba chama chake kilivunja pia madirisha na kuchoma majengo, jambo ambalo siwezi kulitetea. Lakini kumfundisha raia namna ya kuuzuia mkono unaompiga naliona jambo jingine kabisa, hata kama mkono huo umevaa sare.

Vita vya Dunia vilipoanza Agosti 1914, kampeni ilisitishwa na kundi la walinzi likavunjwa. Mwaka 1918 kura ilitolewa kwa wanawake wa miaka 30 na zaidi waliotimiza masharti ya mali. Wenye miaka 21 walisubiri hadi 1928, walipolingana na wanaume. Edith aliendelea kufundisha hadi katikati ya miaka ya 1920, kisha shule ikauzwa. Alifariki mwaka 1971, akiwa na umri wa miaka 99.