Dixie Dean: Mabao 60 ya Msimu Mmoja

Mei 5, 1928, Everton ilikuwa imeshatwaa ubingwa wa England ilipoikaribisha Arsenal katika Uwanja wa Goodison Park, Liverpool. Kilichobaki ni hesabu ya mtu mmoja. William Ralph Dean, maarufu kwa jina la Dixie, alikuwa na mabao 57 ya ligi. Msimu uliotangulia, George Camsell wa Middlesbrough alikuwa amefunga 59 katika Daraja la Pili. Dean alihitaji matatu kumpita.

Akafunga la kwanza, akaongeza la pili kwa penalti. Mechi ikielekea ukingoni, Alec Troup akachonga kona, Dean akaruka na kuutia mpira wavuni kwa kichwa. Timu zilitoka sare ya 3-3, naye akamaliza msimu na mabao 60 katika mechi 39.

Dean alizaliwa mwaka 1907 Birkenhead, ng'ambo ya Mto Mersey. Alianzia Tranmere Rovers, klabu ya kwao, na mwaka 1925 Everton ikamnunua kwa pauni 3,000 akiwa na miaka 18. Mwaka uliofuata alipata ajali ya pikipiki huko Wales, akavunjika fuvu na taya. Wengi walidhani soka limemtupa mkono. Alirudi ndani ya miezi michache, na bado mipira ya vichwa ikabaki silaha yake kuu.

Wapo wanaodai kuwa alibebwa na sheria mpya ya kuotea ya 1925, iliyopunguza wapinzani waliotakiwa kuwa mbele ya mshambuliaji kutoka watatu hadi wawili. Kweli, mabao yaliongezeka kila kona ya England. Lakini sheria hiyo ilikuwa ya wote. Aliyefikisha 60 ni mmoja tu. Hata klabu zilipojifunza kuongeza beki wa kati, Dean alivuka mabao 40 ya ligi tena msimu wa 1931/32, na Everton ikatwaa ubingwa.

Alifariki Machi 1, 1980, palepale Goodison Park, akitazama Everton ikicheza na Liverpool. Aliiachia Everton mabao 349 ya ligi katika mechi 399. Mwaka 2023 dunia ilimshangilia Erling Haaland kwa mabao 36 ya ligi, na alistahili. Yale 60 ya Dean yanazidi hayo kwa 24. Anayeorodhesha wafungaji bora wa England na kumwacha Dean hajakamilisha orodha.