Kutoka Waziri wa Vita hadi Kasoro ya Kompyuta: Tafsiri na Lawama katika Wimbo "99 Luftballons", 1983–1984

Ikisiri

Wimbo "99 Luftballons" wa bendi ya Nena ulitolewa Ujerumani Magharibi mwanzoni mwa 1983, na toleo lake la Kiingereza, "99 Red Balloons", likatamba Uingereza mwaka uliofuata. Makala haya yanayachunguza matoleo hayo mawili kwa kuyarejesha katika siasa za miaka ya mwisho ya Vita Baridi. Hoja inayojengwa ni kwamba tofauti kubwa baina yake haimo katika mizani wala vina, bali katika namna kila moja linavyojibu swali la nani aliyesababisha vita. Matini ya Kijerumani inawalaumu watu wenye vyeo; matini ya Kiingereza inailaumu mitambo.

Utangulizi

Tafsiri ya wimbo ni kazi yenye minyororo mingi. Peter Low, mtaalamu aliyeandika sana kuhusu tafsiri ya nyimbo, amependekeza vigezo vitano vya kuipima: kuimbika, maana, uasilia wa lugha, mahadhi na vina. Mfasiri, kwa mujibu wa Low, hashindi kwa kupata alama zote katika kigezo kimoja, bali kwa kugawa hasara baina ya vyote vitano. Mtazamo huu unafaa, lakini unaweza kumfanya mhakiki aione kila tofauti kati ya matini mbili kuwa ni hasara iliyolazimishwa na muziki. Zipo tofauti ambazo muziki haukuzilazimisha. Wimbo unaojadiliwa hapa una tofauti za aina zote mbili, na kuzitenganisha ndiyo kazi ya makala haya.

Mazingira ya 1982 na 1983

Bendi ya Nena iliundwa Berlin Magharibi mwaka 1982, ikiitwa kwa jina la utani la mwimbaji wake, Gabriele Susanne Kerner. Maneno ya "99 Luftballons" yalitungwa na mpiga gitaa Carlo Karges. Muziki ukatungwa na mpiga kinanda Jörn-Uwe Fahrenkrog-Petersen. Chanzo cha wimbo kinajulikana. Mnamo Juni 1982 Karges alihudhuria tamasha la Rolling Stones mjini Berlin Magharibi, na maputo yalipoachiwa hewani aliyatazama yakipeperushwa yakiwa kundi moja lenye kubadilika umbo. Akajiuliza ingekuwaje kama yangevuka Ukuta na kuonekana na askari wa upande wa pili.

Katika mji mwingine swali hilo lingekuwa mchezo wa mawazo tu. Berlin Magharibi ilikuwa imezungukwa pande zote na Ujerumani Mashariki, na chombo chochote angani kilikuwa na uzito wa kisiasa. Miaka mitatu kabla, Septemba 1979, familia mbili za Ujerumani Mashariki zilikuwa zimetoroka usiku kwa puto kubwa la hewa moto walilolishona wenyewe. Desemba mwaka huohuo NATO iliamua kuweka Ulaya Magharibi makombora mapya ya nyuklia, yakiwamo 108 ya aina ya Pershing II, iwapo mazungumzo na Umoja wa Kisovieti yasingezaa matunda. Uamuzi huo ulizusha upinzani mkubwa. Mamia ya maelfu ya watu waliandamana mjini Bonn Oktoba 1981 na tena Oktoba 1983. Hata hivyo, Novemba 22, 1983, Bunge la Ujerumani Magharibi liliidhinisha uwekaji wa makombora. Wimbo ulishika nafasi ya kwanza katika chati za nchi hiyo Machi 1983, yaani katikati ya mabishano hayo.

Neno moja na rangi moja

Jina la wimbo ndilo lililowasumbua wafasiri kwanza. Kijerumani kina maneno mawili: Ballon, linaloweza kutaja hata chombo kinachobeba watu, na Luftballon, ambalo kwa kawaida humaanisha kichezeo cha mtoto kinachojazwa pumzi. Kiingereza hakina jozi hiyo. Aidha, Luftballon ni neno la silabi tatu lenye mkazo kwenye silabi ya kwanza, ilhali neno la Kiingereza lina silabi mbili na mkazo wake uko kwenye ya pili. Kipokeo cha Kijerumani kina mizani saba. Kiingereza bila nyongeza kingetoa mitano tu, na pigo zito la muziki lingekosa silabi ya kuliegemea. Kevin McAlea, mwanamuziki aliyepiga kinanda pamoja na Kate Bush na Barclay James Harvest, na ambaye ndiye aliyeandika maneno ya Kiingereza, aliliziba pengo hilo kwa neno la silabi moja lenye mkazo: nyekundu.

Mtu aliyewahi kujaribu kukiimba kipokeo hicho kwa Kiswahili atamwonea McAlea huruma. Kiswahili hutanguliza nomino na kufuatisha idadi, hivyo "tisini na tisa" lingehamia mwishoni na kubeba kina. Mizani ingefika tisa. Na "maputo" kwa msikilizaji asiyeona herufi kubwa na ndogo ni pia mji mkuu wa Msumbiji.

Kwa kigezo cha kuimbika, basi, uamuzi wa McAlea ni wa busara. Lakini rangi haikai bure katika wimbo wa Vita Baridi. Maputo ya Karges hayana rangi yoyote, na kutokuwa na rangi ni sehemu ya hoja yake: hayana upande. Katika Kiingereza cha 1984 nyekundu ilikuwa rangi ya hatari, rangi ya tahadhari ya kijeshi na, zaidi ya yote, rangi ya ukomunisti. Ni kweli pia kwamba inaamsha kumbukumbu ya filamu ya Kifaransa ya Albert Lamorisse ya mwaka 1956 kuhusu mtoto na puto lake jekundu, na huenda utoto huo ndio uliotakiwa. Hata hivyo, silabi iliyoingizwa ili kujaza mizani iliyapa maputo bendera ambayo hayakuwa nayo.

Msimulizi na hadhira yake

Tofauti za namna ya pili zinaanza katika ubeti wa kwanza. Katika matini ya Kijerumani mwimbaji anamwendea msikilizaji na kumwomba muda. Akipewa, atamwimbia habari za maputo na za jinsi jambo dogo linavyozaa jambo kubwa. Huu ni mwanzo wa fanani. Msomaji aliyelelewa na "paukwa" na "pakawa" anautambua mara moja: hadithi haianzi mpaka hadhira iitikie. Maputo yenyewe hayana mwenyewe. Hakuna anayetajwa kuyanunua wala kuyaachia. Yapo tu, yanaelekea kwenye upeo wa macho.

Katika Kiingereza fremu hiyo imeondolewa. Badala yake kuna "wewe" na "mimi", wawili wanaoingia katika duka la vichezeo, wananunua maputo kwa vijisenti walivyo navyo na kuyaachia alfajiri. Tukio ni jepesi kuliona na lina mvuto wake. Lakini athari yake katika usimulizi ni kubwa: sasa kuna mtendaji wa kwanza, naye ni msimulizi na mpenzi wake. Hadithi iliyokuwa ya wengine imekuwa ya hao wawili, na mnyororo wa visababishi unaanzia mikononi mwa wasio na hatia.

Nani alaumiwe

Katika Kijerumani kila kiungo cha mnyororo ni mtu. Jenerali anayadhania maputo kuwa vyombo vya viumbe wa angani, anatuma kikosi cha ndege. Marubani, kila mmoja akijiona shujaa wa sayari za mbali, Kapteni Kirk wa televisheni ya Marekani, wanaigeuza kazi kuwa maonyesho ya fataki. Majirani hawaelewi kinachoendelea na wanajihisi wamechokozwa. Kisha wanaingia mawaziri tisini na tisa, wakiwa na viberiti na madebe ya petroli, wakijiona werevu na kunusa ngawira. Hakuna mtambo unaoharibika. Kinachoharibika ni akili za watu kwa majivuno na tamaa.

Maneno mawili yanastahili kusimamiwa. La kwanza ni "majirani". Kwa Mberlini wa Magharibi jirani wa upande wa pili wa Ukuta alikuwa Mjerumani mwenzake, na pia alikuwa jeshi la muungano wa adui. Neno hilo la mtaani linabeba hali nzima ya nchi iliyogawanywa. Katika Kiingereza majirani wametoweka kabisa, na hasara hiyo ni vigumu kuikwepa, kwa kuwa kwa Mwingereza adui hakuwa jirani.

La pili ni Kriegsminister, "waziri wa vita". Mwaka 1983 hapakuwa na afisa mwenye cheo hicho katika Ujerumani yoyote. Magharibi na Mashariki zote zilikuwa na wizara za ulinzi. Mtu wa mwisho kukishika cheo cha waziri wa vita wa dola alikuwa Werner von Blomberg, aliyeondolewa mwaka 1938 chini ya utawala wa Hitler. Karges, kwa kulichagua neno lililokwisha kuzikwa, alikataa tasfida ya "ulinzi" iliyokuwa imeenea duniani na akaliita jambo kwa jina lake. Toleo la Kiingereza linao mawaziri, nao ni tisini na tisa vilevile, lakini vita imeondolewa katika cheo chao. Wanakutana, wanaingiwa na wasiwasi, wanaita majeshi. Viberiti, petroli na ngawira havimo. Hapa muziki hauwezi kusingiziwa: mfasiri alikuwa na mizani ya kutosha kuwafanya wabaya, naye akawafanya waoga.

Nafasi iliyoachwa wazi na watu imejazwa na kompyuta. Katika Kiingereza kinachoanzisha maafa ni kasoro katika programu, inayotoa onyo kwamba kuna kitu angani. Baada ya hapo mashine ya vita inaamka yenyewe. Wahakiki wengi wamekiona kipengele hiki kuwa upotoshaji, na wanabendi wenyewe hawakuficha kwamba matini ya Kiingereza haikuwaridhisha. Lakini historia inamtetea McAlea kwa kiasi fulani. Mnamo Novemba 9, 1979, kompyuta za ulinzi wa anga za Marekani zilitangaza shambulio kubwa la Kisovieti kwa sababu data za mazoezi zilikuwa zimeingia katika mfumo halisi. Juni 1980 tahadhari za uongo zilitokea tena, safari hii kwa sababu ya kijisehemu kibovu cha kielektroniki. Katikati ya 1983 filamu WarGames iliigeuza hofu hiyo kuwa burudani. Mfasiri aliihamisha hadithi kutoka hofu ya Mberlini kwenda hofu iliyokuwa tayari vichwani mwa wasemaji wa Kiingereza, na ndicho hasa Hans Vermeer, katika nadharia ya skopo aliyoiwasilisha mwaka 1978, alichokitarajia: lengo katika utamaduni pokezi ndilo linaloamua.

Zaidi ya hayo, tukio lililofanana mno na hadithi ya McAlea lilikuwa limekwisha kutokea bila yeye wala hadhira yake kujua. Usiku wa kuamkia Septemba 26, 1983, mfumo wa satelaiti wa Kisovieti uliuchukulia mwanga wa jua ulioakisiwa na mawingu kuwa makombora kutoka Marekani. Afisa wa zamu, Stanislav Petrov, aliamua kwamba mtambo umekosea. Habari hiyo ilibaki siri hadi miaka ya 1990.

Hata hivyo, tukio la Petrov linazikata matini zote mbili. Mtambo ulikosea, kama Kiingereza kinavyosema. Lakini kilichoamua iwapo dunia itaungua kilikuwa tabia ya mtu mmoja aliyekaa kitini, kama Kijerumani kinavyosisitiza. Kwa kuiacha mashine iendelee peke yake, toleo la Kiingereza linakuwa la kutisha zaidi na la kushtaki kidogo. Miisho nayo inafuata mkondo huo. Karges anataja miaka tisini na tisa ya vita isiyoacha nafasi kwa mshindi, na anaeleza waziwazi kwamba mawaziri wa vita na ndege zao hawapo tena. Kwa McAlea mji umekwisha kuwa vumbi ghafla, na anayebaki anatafuta kumbukumbu tu ya kuthibitisha kwamba dunia iliwahi kuwapo. Puto la mwisho linaachiwa katika matini zote mbili. Katika Kijerumani linaachiwa baada ya hukumu, katika Kiingereza baada ya ajali.

Njia mbili za upokezi

Mwanzoni mwa Machi 1984 toleo la Kiingereza lilikuwa la kwanza katika chati ya Uingereza, ambako lilikaa kileleni majuma matatu. Wakati huohuo toleo la Kijerumani lilikuwa la pili katika chati ya Billboard ya Marekani, likizuiwa na "Jump" wa Van Halen. Wamarekani, basi, waliuchagua wimbo ambao wengi wao hawakuuelewa. Jambo hili halipaswi kushangaza mno. Mwaka 1983 kundi la Boney M., lililoendeshwa kutoka Ujerumani Magharibi, lilirekodi toleo lake la "Jambo Bwana" wa Them Mushrooms wa Kenya na kuyabakiza maneno ya Kiswahili yaliyo maarufu, kwa wasikilizaji ambao Kiswahili kwao kilikuwa sauti tu. Lugha ngeni inaweza kuuza bila kusema. Lakini matokeo kwa wimbo wa Karges ni ya ajabu: hadhira kubwa kuliko zote iliisikia shutuma yake dhidi ya mawaziri wa vita bila kujua kwamba ni shutuma, ilhali waliouelewa wimbo waliambiwa kwamba tatizo ni programu.

Nena ameendelea kuuimba wimbo wake kwa Kijerumani jukwaani, na Karges alifariki mwaka 2002. Miaka miwili kabla ya kifo chake, bendi ya Goldfinger ya California ilikuwa imelirekodi toleo la Kiingereza kwa mtindo wa panki. Bendi hiyo iliimba Kiingereza cha McAlea karibu wimbo mzima, ila ubeti mmoja ulioachwa katika Kijerumani. Ubeti huo ni ule wa mawaziri wa vita.