Aljebra na Mizani ya Kahawa

Neno aljebra asili yake ni Kiarabu. Al-Khwarizmi, mwanachuoni wa Baghdad katika zama za Khalifa al-Ma'mun (813–833), alilitia katika anwani ya kitabu chake, na maana yake ni kurejesha: kilichopunguzwa upande mmoja hurudishwa, na upande wa pili huongezwa kiasi kile kile, ili mizani isielemee. Alikusudia kuwafaa watu katika mirathi, biashara na mashauri yao.

Huko Bukoba na Muleba, haja ya hesabu hiyo ilikuzwa na kahawa. Wahaya walikuwa wakitafuna buni tangu kabla ya boma la Wajerumani kujengwa Bukoba mwaka 1890. Walakini buni ilipogeuka bidhaa ya ng'ambo, mkulima aliziona fedha zilizomfikia mkononi tu, wala si bei iliyozizaa. Mwaka 1950 kikaundwa chama kikuu cha ushirika, B.N.C.U., ili wakulima wauze kwa pamoja.

Mathalani, mkulima amepeleka kilo 50 za kahawa ya maganda, akakatwa shilingi 5,000, akapokea 70,000. Bei ya kilo moja ni ipi? Na iitwe x:

50x − 5,000 = 70,000.

Makato yakirejeshwa pande zote mbili, hupatikana 50x = 75,000; pande zote zikigawanywa kwa 50, x ni 1,500. Ajuaye hatua hizi mbili aweza kuilinganisha bei hiyo na ile iliyotangazwa, na kuuliza zilikokwenda zilizopungua.

Haja hiyo huwa kubwa zaidi katika butura, yaani kuuza kahawa ingali mtini kwa sababu ya shida. Mkulima akitangulizwa 45,000 kwa kilo zile zile 50, basi 45,000 + x = 70,000, na x ni 25,000: riba isiyotajwa na mtu yeyote siku ya mapatano.

Vyama vikuu vya ushirika vilivunjwa mwaka 1976, vikaruhusiwa tena kwa sheria ya mwaka 1982; butura haikungoja sheria. Ni kweli kwamba mlinganyo haulipi karo wala haununui dawa, na mwenye dhiki aweza kuuza hata baada ya kuijua x. Lakini aijuaye huuza akijua anachopoteza, na siku nyingine ataweza kukidai.