Mahagi haijawahi kukosa rais

Tarehe 6 Mei 2021, Jean Bamanisa, gavana wa mkoa wa Ituri, mashariki mwa Kongo, aliyechaguliwa na wabunge wa mkoa, alitakiwa kumpisha mwanajeshi. Siku chache kabla, Rais Félix Tshisekedi alikuwa ametangaza utawala wa dharura katika Ituri na Kivu Kaskazini, ule ambao wenyeji wanauita kwa Kifaransa, état de siège. Luteni Jenerali Johnny Luboya Nkashama akaingia ofisini Bunia, naibu wake akiwa afisa wa polisi. Bunge la mkoa likasimamishwa. Katika teritwari zote 5 za Ituri, yaani Aru, Djugu, Irumu, Mahagi na Mambasa, wasimamizi wa kiraia wakawaachia nafasi maafisa wenye sare.

Hayakuwa mapinduzi. Ibara ya 85 ya Katiba ya 2006 inamruhusu rais kutangaza hali hiyo baada ya kushauriana na waziri mkuu na maspika wa mabunge yote mawili. Baada ya siku 30 za mwanzo, bunge lina haki ya kuirefusha kwa vipindi vya siku 15, na likairefusha mara nyingi mno. Hata hivyo, mtu aliyekuwa Mahagi asubuhi ile angeweza kuuliza swali la haki kabisa: nchi yetu inatawaliwa kwa mfumo gani hasa? Maana Katiba hiyohiyo haisemi kwamba Kongo ina serikali ya rais. Inasema serikali inaongozwa na waziri mkuu.

Swali hilo lina umri wa Jamhuri yenyewe, na Mahagi ni mahali pazuri pa kulitazamia. Ni mbali na Kinshasa, iko jirani na Uganda, na imeshapitia marais wa kila namna.

Nani anaweza kumfukuza nani

Katika magazeti na redio zetu, "serikali ya rais" mara nyingi humaanisha tu watu walio madarakani wakati huo: serikali ya Kabila, serikali ya Tshisekedi. Wanasheria wana maana nyembamba zaidi. Kwao mfumo wa urais ni ule ambao rais ni mkuu wa nchi na pia mkuu wa serikali, anachaguliwa kwa muda maalumu, mawaziri wanawajibika kwake, na bunge haliwezi kumwangusha kwa kura ya kutokuwa na imani. Yeye naye hawezi kulivunja bunge. Marekani ndiyo mfano wa kwanza, tangu George Washington aapishwe mwaka 1789. Kinyume chake ni mfumo wa bunge kama wa Uingereza na Ubelgiji, ambako waziri mkuu hutawala maadamu wabunge wanamkubali. Ufaransa ilichanganya mifumo hiyo miwili: Katiba ya 1958 ilimwachia waziri mkuu kazi ya kuongoza serikali, kisha mwaka 1962 wananchi wakapewa haki ya kumchagua rais moja kwa moja.

Ukiweka kando majina, tofauti yote iko katika jambo moja: nani anaweza kumfukuza nani. Kongo imelijibu swali hilo kwa njia karibu zote zinazojulikana.

Redio mbili, amri mbili

Sheria ya Msingi ya tarehe 19 Mei 1960 iliandikwa na Wabelgiji kwa mfano wa katiba yao. Mkuu wa nchi alipaswa kuwa kama mfalme wa Brussels: atie saini, asitawale. Mwishoni mwa Juni 1960 wabunge wakamchagua Joseph Kasa-Vubu kuwa rais, Patrice Lumumba akiwa waziri mkuu. Lakini ibara ya 22 ilisema mkuu wa nchi humteua na kumwondoa waziri mkuu. Kwa Wabelgiji hayo yalikuwa maneno ya heshima tu, kwa kuwa mfalme hamwondoi mtu ambaye bunge bado linamtaka. Kasa-Vubu aliyasoma kama yalivyoandikwa.

Jioni ya tarehe 5 Septemba 1960 alikwenda redioni akatangaza kumfukuza Lumumba. Saa chache baadaye Lumumba naye akaingia redio ileile akatangaza kwamba Kasa-Vubu si rais tena. Bunge likakataa hatua zote mbili. Siku 9 baadaye Kanali Joseph Mobutu akasema anawapumzisha wote wawili. Tarehe 17 Januari 1961 Lumumba aliuawa Katanga.

Mahagi wakati huo ilikuwa ndani ya Mkoa wa Mashariki, ngome ya Lumumba, ambako naibu wake Antoine Gizenga aliunda serikali yake mjini Stanleyville, Kisangani ya leo. Mwaka 1962 mkoa huo ukagawanywa, na Ituri pamoja na sehemu za kaskazini zikawa mkoa wa Kibali-Ituri chini ya Jean Foster Manzikala. Chini ya Sheria ya Msingi, kiongozi wa serikali ya mkoa aliitwa rais wa mkoa. Kwa hiyo mtu wa Mahagi alikuwa na rais Léopoldville, Kinshasa ya leo, na rais mwingine wa karibu zaidi.

Kisha marais wakaongezeka. Katiba ya Luluabourg, iliyoanza kazi tarehe 1 Agosti 1964, ilimpa rais wa nchi nguvu ambazo Wabelgiji hawakumpa: sasa alipanga na kuongoza siasa ya taifa. Ila wakati katiba hiyo inaanza, waasi wa Simba walikuwa wakiteka miji ya mashariki mmoja baada ya mwingine. Mwezi Septemba walitangaza Jamhuri ya Watu wa Kongo huko Stanleyville, rais wake akiwa Christophe Gbenye. Mahagi ilikombolewa Machi 1965 na mamluki wa Mike Hoare waliokuwa wakiifunga mipaka ya Uganda na Sudan. Kwa miezi ile, swali la mfumo gani wa serikali lilijibiwa na mwenye bunduki aliyekuwa barabarani.

Kadi ya kijani na kadi nyekundu

Kilichomwangusha Kasa-Vubu ni ugomvi uleule wa 1960. Mwezi Oktoba 1965 alimfukuza waziri mkuu Moïse Tshombe, akamteua Évariste Kimba, bunge likamkataa Kimba, Kasa-Vubu akamrudisha tena. Tarehe 24 Novemba 1965 Mobutu alichukua nchi. Alianza na waziri mkuu, Léonard Mulamba, kisha Oktoba 1966 akamwondoa na kukifuta cheo chenyewe. Katiba ya tarehe 24 Juni 1967 ilikuwa ya kwanza kuweka mfumo kamili wa urais. Mkuu wa nchi na mkuu wa serikali sasa ni mtu mmoja.

Hapa ndipo wengi hukosea. Urais wa Mobutu haukuwa ule wa Marekani, kwa sababu hakukubaki mtu wa kumzuia. Mwaka 1970 chama chake, MPR, kikawekwa juu ya vyombo vyote vya dola. Mwaka huohuo akasimama peke yake kwenye uchaguzi. Mpiga kura alipewa kadi mbili: ya kijani ya kumkubali na nyekundu ya kumkataa. Kijani kilielezwa kuwa ni tumaini, chekundu kuwa ni fujo, na mchagua kadi alionekana. Matokeo rasmi yalihesabu kura zaidi ya milioni 10 za ndiyo na 157 za hapana nchi nzima. Marekebisho ya Agosti 1974 yakakamilisha kazi: rais wa MPR ndiye rais wa Jamhuri moja kwa moja, na ndiye anayeongoza baraza la mawaziri, bunge na hata baraza la mahakama.

Mahagi mfumo huo ulishuka hadi ngazi ya chini kabisa. Teritwari ikaitwa zone, msimamizi akaitwa komisaa, na komisaa huyo alikuwa pia rais wa MPR katika eneo lake. Amri ya serikali na amri ya chama zilitoka kinywani mwa mtu mmoja. Kila wiki watu walitoka kwenda salongo, kazi ya lazima ya kufyeka njia na kusafisha soko, jina ambalo Ituri bado wanalitumia. Hata ziwa lilibatizwa: tangu 1973 hadi Mobutu alipoanguka, wavuvi wa Mahagi-Port walitupa nyavu katika maji ambayo ramani za Zaire, jina la Kongo wakati huo, ziliyaita Ziwa Mobutu Sese Seko, badala ya Ziwa Albert.

Sheria ya Januari 1973 ilijaribu pia kuwafanya masultani kuwa watumishi wa kawaida wa serikali, wakihamishwa kutoka kwao kama makarani. Kwa Waalur, walio wengi Mahagi, jambo hilo halikuwa dogo. Rwoth, mtawala wao wa jadi, hutoka katika ukoo wa utawala, na watu humheshimu kwa sababu ni wa hapo. Wabelgiji waliwakuta watawala hao, wakawapa medali na kuwageuza wakusanya kodi, lakini waliwaacha kwenye ardhi yao. Mpango wa Mobutu haukudumu. Rais aliyefuta cheo cha waziri mkuu kwa siku moja alishindwa kuuondoa usultani wa Mahagi.

Kabila, majenerali na wenye vyama

Aprili 1990 Mobutu alikubali vyama vingi, na Kongamano la Taifa likamchagua Étienne Tshisekedi kuwa waziri mkuu Agosti 1992. Ugomvi wa 1960 ukarudi: rais akadai amemfukuza, waziri mkuu akadai hafukuziki, na mwaka 1993 Kinshasa ikawa na serikali mbili. Laurent-Désiré Kabila alipoingia Mei 1997 alilimaliza jambo hilo kwa hati fupi iliyompa yeye peke yake madaraka ya serikali na ya kutunga sheria. Waziri mkuu hakuwepo, wala bunge lililochaguliwa.

Amri za hati hiyo hazikukaa Ituri kwa muda mrefu. Vita vya 1998 vilileta jeshi la Uganda, na Juni 1999 Jenerali James Kazini, Mganda, akaitangaza Kibali-Ituri kuwa mkoa na kumteua Adèle Lotsove kuwa gavana wake. Baadaye yakaja makundi ya silaha, kila moja na rais wake. Thomas Lubanga aliishika Bunia mwaka 2002 akiwa rais wa UPC. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ilimtia hatiani 2012 kwa kuwatumia watoto vitani. Upande wa Aru na Mahagi, kundi la FAPC la Jérôme Kakwavu ndilo lililokusanya ushuru wa mpakani.

Rais mmoja, waziri mkuu mmoja

Baada ya mpito wa 2003, uliokuwa na rais mmoja na makamu wanne, wananchi walipiga kura ya maoni Desemba 2005, na Katiba ikatangazwa tarehe 18 Februari 2006. Waandishi wake walikuwa na 1960 na 1974 kichwani. Rais anachaguliwa na watu wote kwa miaka 5, mara mbili tu. Waziri mkuu anatoka kwenye wingi wa bunge. Ibara ya 91 inasema serikali ndiyo inayopanga siasa ya taifa, kwa kushauriana na rais. Bunge linaweza kuiangusha serikali, na rais anaweza kulivunja bunge kukiwa na mgogoro. Ni mfumo mseto, karibu na ule wa Ufaransa.

Maandishi hayo yamefanya kazi kutegemea nani ana wabunge. Rais Joseph Kabila alikuwa na wabunge wengi, akatawala kama rais mwenye kila kitu. Félix Tshisekedi alipoapishwa Januari 2019 bunge lilikuwa la Kabila, hivyo waziri mkuu akawa Sylvestre Ilunga, na kwa karibu miaka miwili rais alilazimika kujadiliana. Januari 2021 wabunge waliohamia upande wa rais wakamwangusha Ilunga. Miezi mitatu hivi baadaye ikatangazwa hali ya dharura ya Ituri, na hakukuwa tena na mtu Kinshasa wa kumwambia rais hapana.

Oktoba 2024, akiwa Kisangani, Rais Tshisekedi alitangaza kuwa atateua tume ya kuitazama upya Katiba. Mjadala ukashika moto mara moja, hasa juu ya ibara ya 220, inayokataza kugusa idadi na urefu wa mihula ya rais. Ni mjadala wa haki, lakini unaishia Kinshasa.

Mahagi wana kipimo chao, na kiko umbali mfupi tu, ng'ambo ya mpaka wa Goli. Waalur wa Nebbi na Zombo wanaishi chini ya rais mwenye nguvu kikatiba kuliko wa Kongo, kwani Uganda rais ni mkuu wa nchi na wa serikali pia. Lakini mwenyekiti wa wilaya wanamchagua wenyewe kwa kura, ingawa mwakilishi wa rais amewekwa pembeni yake. Tanzania, mkuu wa wilaya huteuliwa na rais. Kongo, msimamizi wa teritwari hutumwa kutoka juu, iwe chini ya mfumo wa bunge wa 1960, chini ya komisaa wa Mobutu au chini ya Katiba mseto ya 2006. Gavana wa mkoa ndiye aliyepatikana kwa kura, tena kura ya wabunge wa mkoa, hadi naye alipoondolewa.

Kwa hiyo mtu wa Mahagi akiulizwa kama anataka serikali ya rais au ya bunge, ana haki ya kuuliza kwanza ibara inayohusu teritwari yake. Kama msimamizi ataendelea kuteuliwa na kuondolewa mbali, jina la mfumo litabadilika kwenye karatasi za Kinshasa, na huku mpakani serikali itabaki ya rais, yeyote atakayekuwa.