Barkhad Abdi: Haramia wa sinema aliyegeuka jasusi wa Nairobi

BARKHAD Abdi, mwigizaji wa filamu na televisheni, alizaliwa Mogadishu mwaka 1985. Vita vilipopamba moto nchini Somalia, jamaa zake walikimbilia Yemen, na mwaka 1999 wakahamia Minneapolis, Marekani, mji wenye jamii kubwa ya Wasomali. Kwa wakazi wa Sangailu, karibu na mpaka wa Somalia, safari ya namna hiyo si ngeni. Kambi za Dadaab, ambako wakimbizi wengi walipitia kabla ya kupelekwa Minnesota, zimo katika kaunti yao hiyo hiyo ya Garissa.

Huko Minneapolis Abdi aliuza simu za mkononi na kuendesha limuzini. Hakuwa amewahi kuigiza katika filamu yoyote pale watayarishaji wa 'Captain Phillips' walipofika mjini humo kusaka Wasomali. Watu zaidi ya 700 walijitokeza. Wakachaguliwa wanne waliofahamiana tayari: Abdi, Barkhad Abdirahman, Faysal Ahmed na Mahat Ali.

Filamu hiyo ya mwaka 2013 yahusu meli ya Maersk Alabama, iliyotekwa na maharamia Aprili 2009 ikielekea Mombasa na shehena iliyokuwamo chakula cha msaada. Abdi aliigiza kiongozi wa maharamia, Abduwali Muse, ambaye mwaka 2011 alihukumiwa kifungo cha zaidi ya miaka 33 huko Marekani. Mwelekezi Paul Greengrass aliwazuia vijana hao wasikutane na nyota wa filamu, Tom Hanks, hadi siku ya kupigwa picha tukio la kuvamiwa kwa meli. Mshtuko unaoonekana pale si wa kuigiza tu.

Februari 2014 Abdi alinyakua tuzo ya BAFTA ya Uingereza ya mwigizaji msaidizi bora. Aliteuliwa pia kuwania Oscar, iliyokwenda kwa Jared Leto. Hata hivyo, malipo yake kwa kazi hiyo yaliripotiwa kuwa dola 65,000 pekee, kiasi kidogo mno kwa filamu ya ukubwa huo.

Swali lililobaki ni iwapo Hollywood ingempa Msomali huyo kazi nyingine isiyokuwa ya kushika bunduki. Jibu lilikuja katika 'Eye in the Sky', iliyoelekezwa na Gavin Hood na kuonyeshwa kwa mara ya kwanza Septemba 2015. Humo Abdi ni Jama Farah, jasusi wa serikali ya Kenya, anayepenyeza ndege ndogo ya upelelezi yenye umbo la mdudu ndani ya nyumba ya magaidi. Kisha anajitosa mtaani, akijaribu kununua mikate yote ya binti mdogo ili aondoke kabla ya kombora kuanguka.

Uzito wa nafasi hiyo haukuwa mdogo. Aprili 2014 polisi walikuwa wamewasaka Wasomali mtaani Eastleigh na kuwazuilia maelfu, wengi wao katika uwanja wa Kasarani. Aprili 2015 magaidi waliwaua watu 148 katika Chuo Kikuu cha Garissa. Katika mazingira hayo ya kushukiana, hapa palikuwa na Msomali anayehatarisha maisha kwa niaba ya Kenya. La kusikitisha ni kwamba Nairobi hiyo ya filamu ilijengwa Afrika Kusini.

Wenzake wawili, Abdirahman na Ahmed, ndio waliofika Kenya. Waliigiza katika 'Watu Wote', filamu fupi ya Katja Benrath ya mwaka 2017, inayosimulia jinsi abiria Waislamu wa basi la Mandera walivyokataa kutenganishwa na Wakristo Desemba 21, 2015. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi siku hiyo, akafariki Januari 2016. Filamu hiyo iliteuliwa kuwania Oscar mwaka 2018.

Abdi mwenyewe alionekana mwaka 2017 katika 'Good Time' na 'Blade Runner 2049', na kwenye televisheni katika 'Castle Rock' mwaka 2019. Katika tamthilia ya 'The Curse', iliyoanza kurushwa Novemba 2023 na ambamo pia yumo Emma Stone, hana bunduki wala kombora. Ni Abshir, baba anayelea binti zake wawili katika nyumba isiyo yake, huko New Mexico.